Fundi Mizani na Vifuko vya Jumamosi

Ndugu, jamaa, majirani na mafundi wenzake mliofika: huyu tunayemsindikiza leo wengi wenu mlimjua kwa jina la Fundi Mizani. Hata mwenye nyumba aliyempangisha miaka yote hakuwahi kumwita vinginevyo. Familia imeomba wasifu huu usiwe mrefu, kwa sababu marehemu mwenyewe hakupenda hotuba ndefu misibani. Alikuwa akimnong'oneza mtu wa pembeni yake, "Huyu akiendelea hivi, tutazika wawili." Tutajitahidi.

Marehemu alizaliwa siku ya Jumapili, tarehe 14 Machi 1948, katika chumba cha nyuma cha nyumba ya mshona viatu, mtaa wa pili kutoka sokoni. Mshona viatu huyo ndiye aliyekuwa baba yake. Alikuwa wa kwanza katika watoto wanne, wavulana watatu mfululizo na binti wa mwisho, ambaye tunaye hapa mstari wa mbele. Kwa kuwa binti alichelewa kuja, mama yao hakuona sababu ya kusubiri. Alimkalisha mwanawe mkubwa mbele ya ubao na kumfundisha unga. Watu wa upande wa mama walikuwa wapishi wa vifuko vya nyama. Unga unakandwa kwa maji ya moto, unasukumwa mpaka uone kivuli cha vidole vyako upande wa pili, unakatwa duara kwa mdomo wa glasi. Ndani inaingia nyama ya kondoo yenye kitunguu na pilipili manga, basi. Mdomo unafungwa kwa mikunjo midogomidogo, kisha vifuko vinapangwa kwenye chungu cha mvuke. Kabla hajaanza kuota ndevu, marehemu alikuwa anafunga mikunjo iliyomshinda hata mama yake mkubwa. Wavulana wa mtaani walimcheka kwa kufanya kazi ya jikoni. Aliwaacha wacheke, akatoka na sahani yake, akala mbele yao polepole.

Alisoma shule ya msingi iliyokuwa nyuma ya kituo cha zimamoto, kuanzia mwaka 1955. Hakuwa wa kwanza darasani wala wa mwisho. Anachokumbukwa nacho pale ni kwamba akiwa darasa la nne aliifungua mizani ya jiko la shule vipande vipande, na alipoulizwa na mwalimu mkuu alikuwa anatafuta nini, alijibu kwamba alitaka kuona uzito unakaa wapi. Mwalimu mkuu alimwambia hatoki humo mpaka airudishe ilivyokuwa. Aliirudisha. Kilibaki kiskurubu kimoja mkononi, na mizani ikafanya kazi vizuri kuliko mwanzo. Kutoka hapo njia yake ilijulikana. Mwaka 1964 aliingia chuo cha ufundi, akahitimu mwishoni mwa mwaka 1966.

Januari 1967 aliajiriwa katika karakana ya mizani nyuma ya soko la jumla, na hapo ndipo alipofanya kazi hadi alipostaafu mwaka 2008. Waliowahi kuingia wanaikumbuka: dirisha moja refu, benchi jeusi kwa mafuta, na rafu ya mawe ya mizani yaliyopangwa kwa ukubwa, ambayo ole wako uyaguse kwa mkono mtupu. "Jasho lina uzito," alikuwa akifoka, halafu anakutupia kitambaa. Alitengeneza mizani ya maduka ya dawa, ya bohari, ya posta, na ile ya kliniki ambayo nusu ya waliosimama hapa walipimiwa wakiwa wachanga wakilia. Wauza nyama walimheshimu kwa kumwogopa. Mmoja wao aliwahi kumfuata mpaka mlangoni akamwambia, "Fundi, ilegeze kidogo tu. Na mimi nina watoto, wale." Marehemu alimtazama akasema, "Na wa wateja wako wale nini?" Mizani ilirudi dukani ikiwa sawasawa, na muuza nyama huyo akawa rafiki yake mpaka kufa. Haya tunayasimulia makusudi, ili mjue kwamba mtu huyu aliyekataa kuchezea mizani ya mwenzake alikuwa na wizi mmoja tu maishani mwake, na alimwibia mkewe.

Mkewe alikuwa karani wa posta, dirisha la vifurushi. Walikutana mwaka 1973, marehemu alipoitwa kutengeneza mizani ya barua. Karani yule alimsukumia mizani chini ya kioo akamwambia, "Fundi, hii inasema barua ya kaka yangu ni nzito. Kaka yangu hajawahi kuandika zaidi ya mistari minne." Fundi alicheka mpaka akaangusha bisibisi. Aliitengeneza siku hiyohiyo, lakini alirudi kesho yake kuikagua, na keshokutwa pia, mpaka mkuu wa posta akauliza kama mizani hiyo ilikuwa mgonjwa. Walifunga ndoa Jumamosi, tarehe 7 Desemba 1974. Tangu siku hiyo yeye alimwita mkewe Posta, na mkewe akamwita Fundi, na hatukuwahi kuwasikia wakiitana jina lingine hata walipokuwa wamenuniana.

Walianza maisha katika nyumba ileile aliyofia, ghorofa ya tatu. Wakati huo kilikuwa chumba kimoja, pa kupikia pembeni, na roshani ya nyuma yenye kamba za nguo. Posta naye alikuja na vifuko vya kwao. Kwao walikata nyama ya ng'ombe kwa kisu, hawakuisaga, wakaitia tangawizi, kitunguu saumu, mdalasini, majani ya giligilani, na bizari iliyokaangwa kavu mpaka chumba kizima kinukie. Lakini unga wao ulikuwa mzito, uliojaa samli, na ulitaka tanuri. Katika chumba kile palikuwa na jiko la mafuta ya taa peke yake. Basi Jumamosi moja, wiki chache baada ya harusi, Posta alikaa na bakuli lake la nyama lisilo na pa kwenda, na Fundi alikaa na unga wake kwa kuwa nyama ya kondoo haikupatikana. Walitazamana.

"Lete hiyo nyama yako," alisema Fundi.

"Wewe ndiye ulete huo unga wako," alijibu Posta. "Nyama haisogei."

Waliviweka kwenye mvuke kama vya kwao Fundi, kisha Posta hakuridhika, akavigeuza vikaangike kwa samli upande wa chini mpaka vikapata ukoko. Hivyo ndivyo vilivyozaliwa vifuko vya Jumamosi ambavyo wengi wenu mmevila. Mama yake Posta alipoletewa kuonja, alishika kimoja shingo upande, akasema, "Hii ni nyama yetu imevaa koti la watu." Akamaliza sahani. Mama yake Fundi alikipindua chake juu chini, akautazama ule ukoko, akasema, "Mmekiunguza." Kisha akauliza kama kuna kingine kilichoungua. Wale mama wawili, ambao siku ya harusi walikaa kila mmoja upande wake wa ukumbi, walikuwa wakikutana pale ghorofani Jumamosi kwa Jumamosi mpaka mmoja wao alipotangulia.

Ndani ya jiko lile palikuwa na mpaka. Ubao ulikuwa wa Fundi na bakuli lilikuwa la Posta. Posta hakugusa unga, naye Fundi hakugusa nyama. Hivyo ndivyo walivyokubaliana, na hivyo ndivyo Posta alivyowaambia wageni kwa fahari. Ukweli ni kwamba Fundi aliona watu wa upande wa mkewe wanaiogopa chumvi. Hakuwa na moyo wa kumwambia. Alingoja. Posta akishamaliza kuchanganya, alikuwa na kawaida ya kuliacha bakuli mezani na kutoka roshani, mara kutazama nguo, mara kufunga bomba. Hapo Fundi alifungua kopo la chumvi, akachota kwa vidole vitatu, akakoroga haraka, akarudi kwenye ubao wake na uso wa mtu asiyejua lolote. Yule aliyetukataza kugusa mawe ya mizani kwa mkono mtupu alikuwa hapimi hata kwa kijiko. Bintiye mkubwa alimfuma siku moja akiwa bado mdogo, amekaa chini ya meza.

"Hujaona kitu," baba yake alimwambia.

"Nimeona chumvi."

"Basi hujaona nani."

Alipewa kipande cha unga cha kuchezea, na mdomo ukafungwa. Mambo yakaenda hivyo, watoto watatu wakazaliwa, chumba kimoja kikawa vitatu, jiko la mafuta likawa la gesi, na Fundi akaendelea kuiba kila Jumamosi.

Posta alifariki Jumanne, tarehe 25 Agosti 2009, baada ya kuugua kwa muda mfupi. Walikuwa wamekaa nyumbani pamoja mwaka mmoja tu tangu Fundi astaafu, na walikuwa wamepanga mengi. Tuseme wazi: hakupona. Alikula, alioga, alicheka na wajukuu, alitengeneza mizani za watu bure pale mezani, lakini alikuwa na hamu na mkewe iliyokuwa haimwachi. Alianza sentensi akiwa peke yake sebuleni, "Posta, umesikia hii ya leo," na akinyamaza katikati, aliyekuwa jikoni alijua asiingie upesi. Alipopita posta, alivuka barabara ili asilione lile dirisha.

Kitu kimoja alichokitaka kirudi ni vifuko vile. Si kwamba havikupikwa. Binti zake wawili walifundishwa nyama na mama yao waziwazi, hakuwaficha kiungo hata kimoja, na kila Jumamosi mmoja wao alikuja. Fundi alisukuma unga, binti alichanganya nyama, vifuko vikaiva, vikapata ukoko wao. Baba alitafuna cha kwanza, akakiweka chini. "Ni vizuri," alisema. "Lakini sivyo vyenyewe." Alidhani ni bizari. Alidhani ni ng'ombe wa siku hizi. Alimhama muuza nyama wake rafiki, akamrudia kwa aibu. Alitoa kabatini mizani ndogo ya duka la dawa, akapima tangawizi na mdalasini, akabadilisha, akapima tena, na binti zake wakawa wanatazamana. Miaka ikapita hivyo. Alikuwa anakaribia kukata tamaa, na siku moja alimwambia kitinda mimba wake kwamba anaogopa kufa hajaila tena nyama ya mama yao hata mara moja.

Mwaka 2021 moyo wake ulianza kuchoka. Alipanda ngazi kwa kupumzika kila ghorofa, kisha akaacha kuteremka. Miguu ilivimba. Februari 2022 daktari alimkataza chumvi kabisa, na bintiye mkubwa, anayemjua baba yake, alilichukua kopo akaondoka nalo. Fundi alisusa. Alisema nyama isiyo na chumvi ni adhabu na yeye hajahukumiwa. Jumamosi hazikuwa na vifuko tena kwa zaidi ya mwaka. Alilala na kuamka, akatazama mvua dirishani, akapungua mwili.

Mei mwaka huu alikuja kumwona shemeji yake, mdogo wake Posta, ambaye watoto wanamwita mama mdogo. Alikaa kwenye kiti cha dada yake, jambo ambalo wengine hatukuthubutu. Walizungumza ya kale. Fundi, labda kwa kuwa alijua siku zake zinahesabika, akaona afadhali aseme.

"Shemeji, nina jambo. Nilikuwa namwibia dada yako."

"Kumwibia nini? Mlikuwa na nini cha kuibiana?"

"Chumvi. Akitoka tu roshani, mimi natia chumvi kwenye bakuli lake. Miaka yote. Amekufa hajui."

Mama mdogo alimtazama, halafu akacheka mpaka akashika ukingo wa meza. Binti mkubwa alitoka jikoni akidhani kuna mtu ameanguka.

"Shemeji, wewe! Alijua tangu mwaka wa kwanza. Kwani kwetu hatuli chumvi? Alikuwa anatia nusu, ya pili anakuachia wewe. Nilimuuliza siku moja, 'Dada, nguo gani unazitazama na kamba tupu?' Akaniambia, 'Namngoja Fundi amalize. Nikitia yote, yeye atafanya nini?'"

Fundi hakucheka. "Alikuwa anasimama pale nje ananingoja?"

"Mpaka asikie kifuniko cha kopo. Akikisikia, ndiyo anaingia."

Kisha binti mkubwa, aliyesimama mlangoni na kitambaa mkononi, akauliza polepole, "Baba. Na sisi tulipokuwa tunakuja Jumamosi. Ulikuwa bado unatia?"

Alikuwa bado anatia. Mabinti walitia chumvi yote kama mpishi yeyote, wakageuka kutafuta sufuria, na mkono wa baba ukafanya ulichozoea. Kwa miaka yote hiyo alikuwa akiharibu kwa vidole vyake nyama aliyokuwa akiililia, huku akimshuku ng'ombe, bizari na sisi sote. Mama mdogo aliona uso wake ukibadilika, akaacha kucheka na kumshika mkono. Fundi alilia mbele ya watu kwa mara ya kwanza tangu siku ya mazishi ya mkewe. Alisema, "Hakuna kilichopotea. Ni mimi." Akarudia tena na tena, na sisi hatukujua kama anajilaumu au anashukuru. Nadhani yalikuwa yote mawili.

Jumamosi ya mwisho ya Mei aliomba vifuko. Alisukuma unga akiwa amekaa, viduara vichache tu, vingine vikatoka na pembe. Bintiye mkubwa alichanganya nyama bila chumvi hata chembe. Alikuwa ameagizwa aje na kopo.

"Baba, daktari alisema."

"Sili chumvi. Liweke tu hapo mezani."

Kisha aliomba fimbo yake. Aliinuka, akakataa kushikwa, akaburuta ile miguu iliyovimba hadi roshani ya nyuma na kuuvuta mlango nyuma yake. Binti alibaki na bakuli, haelewi. Alichungulia dirishani. Baba yake alikuwa amesimama kando ya kamba za nguo, ambazo hazikuwa na nguo, ameupa mlango mgongo na kuinamisha kichwa upande kama mtu anayesikiliza. Alisimama hivyo muda mrefu kuliko mgonjwa wa moyo anavyopaswa kusimama. Ndipo binti alipoelewa. Akalifungua kopo, hakuchota kitu, akakibana kifuniko mpaka kikalia.

Mlango ulifunguka, Fundi akaingia, akaketi mahali pake. Vilipoiva alikula viwili vizima, hakuweka hata kipande chini. Hakusema kama ndivyo vyenyewe au sivyo, wala hakuna aliyemuuliza. Alipomaliza alifuta vidole, akakaa kidogo, akasema, "Pale nje pana upepo. Miaka yote ile hakuniambia kwamba pana upepo."

Marehemu alifariki nyumbani asubuhi ya Ijumaa, tarehe 9 Juni 2023, kitandani mwake, watoto wake wote watatu wakiwepo. Alikuwa na umri wa miaka sabini na mitano. Familia inawashukuru daktari na wauguzi waliomhudumia, majirani wa ghorofa ya pili waliompandishia maji na mikate, na mafundi wa karakana waliofunga kazi leo ili waje.

Ameacha binti wawili na mwana mmoja, wakwe wa kiume na mkwe wa kike, wajukuu saba, kitukuu mmoja asiyejua bado kutembea, dada yake, na shemeji yake, mama yetu mdogo. Wote wanamlilia.

Leo tunamlaza ubavuni mwa Posta, aliyemngoja tangu mwaka 2009. Mungu awapokee wote wawili na awape pumziko jema.